Helikopta Isiyoibika

Mtaa mzima ulimwita Rubani, naye aliliitikia jina hilo kana kwamba alilisomea chuoni. Ukweli ni kwamba alilipata ujanani, siku alipopanda juu ya duka kufunga antena ya televisheni, akakanyaga bati bovu, akaruka bila kupenda na kutua kwenye rundo la mchanga wa wajenzi. Hakuvunjika hata kidole. Lakini tangu siku hiyo hakuwahi tena kupanda kitu kirefu kuliko stuli, na hilo alilificha kuliko watu wanavyoficha madeni. Walioliona lile anguko wakamwita Rubani kwa kumcheka. Miaka ikapita, wengi wao wakahama, waliobaki wakasahau, na jina likabaki peke yake, limepanguswa mchanga wote. Mgeni akiuliza, "Kwani huyu aliwahi kurusha ndege?" yeye mwenyewe alikohoa kidogo na kusema, "Mambo ya zamani hayo."

Mtu mmoja tu hakuwahi kumwita hivyo, naye ni mkewe. Yeye alimwita baba watoto, mbele za watu na hata wakiwa wawili, ingawa watoto wenyewe walikwishaolewa na kwenda zao. Akikasirika hakumwita kitu chochote.

Kazi yake ilikuwa kuchomelea mageti, na tumpe haki yake: hakuna mwizi aliyewahi kupenya geti lake. Hata wenye nyumba walipenya kwa taabu. Ukimwagiza geti la bomba nyembamba anaweka nene, anaongeza nondo katikati, anapiga flatibaa, ule ukanda bapa wa chuma, mgongoni, kisha anafunga komeo tatu: moja juu, moja chini, na moja ya siri ambayo mwenye nyumba mwenyewe huisahau akalala nje. Mwisho kabisa anapachika maua ya chuma makubwa kama sahani, maana kwa maneno yake, chuma bila urembo ni jela. Mwenye duka la dawa alipofungiwa geti la namna hiyo, baada ya mwezi ukuta ulianza kuinama upande wa barabara. Rubani akaitwa. Akalikagua geti kwa makini, akafungua, akafunga, akatikisa kichwa kwa huruma.

"Geti halina tatizo," alisema. "Ukuta wako ndio mlegevu."

Mganga hajigangi. Nyumba ya mtu huyu ilikuwa na geti la kuzuia jeshi, na juu ya kitanda chake bati lilikuwa limeng'oka msumari. Upepo ukivuma, bati liliinuka na kupiga, pa! pa! pa!, na mvua ikiandamana na upepo, maji yalishuka moja kwa moja upande anaolala mkewe. Mama wa watu akaweka beseni la kufulia kitandani. Wakalala hivyo, mume huku, mke kule ukingoni, na beseni katikati kama kitinda mimba aliyekataa kuhamia chumba chake.

Mke aliomba. Alikumbusha. Alinuna. Rubani kila mara alikuwa na geti la haraka la mtu. Halafu siku moja mkewe aliporudi sokoni alikuta ngazi imeegemezwa ukutani, nyundo iko chini yake, na mumewe anajipangusa jasho.

"Nimeshapanda," alisema. "Nimepiga misumari. Mambo yamekwisha."

Hakuwa amepanda, asilani. Alikuwa amesimama kwenye kipandio cha kwanza, magoti yakaanza kugongana, akashuka. Kisha akaokota jiwe, akalirusha juu ya bati ili lilikandamize. Likakosa shabaha, likaangukia upande wa jikoni. La pili nalo likaenda jikoni. La tatu vilevile. La nne ndilo lililokaa mahali pake, na kwa kweli kelele za pa! pa! zikakoma. Ila maji yaliendelea kupita kidogo kidogo pembeni mwa jiwe, na tangu wiki hiyo, jambo la ajabu, jikoni nako kukaanza kudondoka.

"Hilo si tundu," Rubani alimwambia mkewe, huku akitazama pembeni. "Ni jasho. Bati likipoa linatoa jasho. Ni sayansi."

Mkewe alimtazama usoni, akalirudisha beseni kitandani, akalala. Kuanzia hapo akawa hasemi tena juu ya bati, na Rubani akafurahi kwamba limekwisha. Wanaume wa aina yake huudhania ukimya wa mwanamke kuwa ni risiti.

Sasa, katika nyumba hiyo aliishi pia mama mkwe wake, mama mzazi wa mkewe, ambaye baada ya kufiwa na mumewe alihamia kwao na mali moja tu: kiti cha henzirani, cha kufumwa, chepesi, chenye mikono miwili na mgongo uliolala vizuri. Hakuna mwingine aliyekikalia. Paka alijaribu mara moja.

Balaa lenyewe liliingia kwa mlango wa mbele, mchana kweupe. Mteja mmoja aliyekuwa akihama nchi alimgawia Rubani sanduku la magazeti ya zamani ya mafundi, na ndani yake mlikuwa na kitabu cha michoro ya helikopta ya mtu mmoja, ya kujijengea nyumbani. Si ya kiwandani: ya uani, ya mtu wa kawaida mwenye spana, subira na siku za mapumziko. Kwenye jalada alichorwa bwana mmoja mwembamba mwenye miwani, anaelea juu ya nyasi, anatabasamu, miguu inaning'inia. Hapakuwa na mlango, dirisha, wala kitu chochote cha kushika ila mpini.

"Hata komeo haina!" alisema Rubani kwa uchungu. Lakini usiku huo hakulala. Miaka yote alivaa jina ambalo si lake, na hapa, kwenye karatasi, kuna njia ya kulihalalisha.

Akatoa habari wakati wa chakula, kwa sauti ya mtu anayesema ataenda kununua sabuni.

"Nitajenga helikopta."

Mkewe aliendelea kupakua. "Ya watu wangapi?"

"Mmoja."

"Mmoja nani?"

"Mmoja, mke wangu. Ndivyo ilivyochorwa, mimi sikuichora."

Mama mkwe aliweka kijiko chini. "Mtu mzima na akili zake anajenga chombo kisicho na nafasi ya mkewe," alisema. "Hata baiskeli ina karia."

"Mama, hii ni sayansi."

"Kama lile jasho?"

Rubani alijitia hakusikia. Lakini mkewe alikuwa amesimama, mwiko mkononi, na kwa mara ya kwanza baada ya miezi mingi akalitaja lile neno. "Na bati, baba watoto?"

Mdomo uliponza kichwa. Angeweza kunyamaza, akamalizia chakula chake kwa amani. Badala yake akavimba, akasema, "Siku nitakayoruka, kitu cha kwanza kukikagua kutoka hewani ni hilo bati lako. Nikishuka nitakueleza mbele ya mtaa mzima, msumari mmoja mmoja, ili uache kunizushia."

"Sawa," alisema mkewe. "Mbele ya mtaa mzima."

Kesho yake jirani yao muuza mkaa alikuwa anajua, na muuza mkaa akijua jambo, huhitaji redio. Mtaa ukaanza kuhesabu miezi. Watoto walimkimbilia Rubani njiani wakizungusha mikono juu ya vichwa. Naye aliwapungia, kwa kuwa hakujua kwamba wanamcheka, au alijua na akaona ni bora kuliko kutopungiwa.

Kazi ilianza uani, pale zilipokuwa kamba za kuanikia nguo. Macho ya Rubani, yaliyochoshwa na moto wa kuchomelea, hayakuweza kuziona herufi ndogo, kwa hiyo mkewe ndiye aliyemsomea. Kila jioni alivuta stuli, akafungua kitabu na kusoma kwa sauti, na mumewe akafanya, au akafanya kinyume. Ukurasa wa kwanza ulikuwa na maneno machache kwa herufi nene.

"Usiongeze kitu chochote," alisoma mkewe. "Uzito ndio adui."

"Huyo hajawahi kuibiwa," alisema Rubani.

Fremu aliijenga kwa alumini kama ilivyochorwa, na aliijenga vizuri, kila kiungo mahali pake. Injini nyepesi ya petroli aliipata, akaifunga, ikanguruma. Mapanga mawili ya juu aliyachonga kwa uangalifu hata mkewe, asiyekuwa mwepesi wa kusifu, alipitisha kiganja juu yake na kusema, "Haya ni mazuri." Mikono ya mtu yule haikuwa na kasoro. Angeishia hapo, tungekuwa tunasimulia habari nyingine.

Lakini aliigonga ile alumini kwa kidole, ikalia ting, naye akatetemeka. "Hii ni ya kopo la maziwa," alisema. Akaizungushia bomba za chuma kwa boliti. Kisha akafikiria mtu akikaa mle ndani, hewa tupu kushoto, hewa tupu kulia, akaweka mlango. Mlango ukahitaji grili. Grili ikahitaji komeo, na fundi huyu hajui komeo moja, kwa hiyo zikawa tatu, pamoja na ile ya siri.

"Mwizi atafikaje huko juu?" aliuliza mkewe.

"Mwizi hana adabu," alijibu Rubani. "Akitaka kitu chako atafika."

Mbele akafunga chuma cha kujikinga na ng'ombe. Nyuma akafunga kingine, cha kujikinga na kile cha mbele, kama alivyosema muuza mkaa. Na ubavuni, pande zote mbili, akapachika maua manne makubwa. Kila alipokaribia kumaliza, ghafla aligundua sehemu nyingine inayohitaji nondo. Mtu anayeogopa safari huongeza mizigo. Yeye mwenyewe alisema huko kuongeza ni ubora.

Kiti ndicho kilichokuwa kimebaki. Kitabu kilitaka kiti chepesi sana, na mama mkwe akakosea kwenda kumtembelea mjukuu kwa wiki moja. Aliporudi alitua mfuko wake sebuleni, akageuka kukaa, kidogo aanguke. Akatoka uani. Kiti chake cha henzirani kilikuwa kimefungwa kwa boliti nne nyuma ya grili.

"Mkwe, kiti changu kinakwenda wapi?"

"Juu, mama. Mbinguni."

"Mimi sijafa bado."

Hakugomba zaidi ya hapo. Alifungua komeo ya juu, ya chini, na ile ya siri, ambayo aliigundua mara ya kwanza tu bila kuonyeshwa, akaingia, akakaa. Tangu siku ile kila alasiri mama mkwe alipumzika ndani ya helikopta, na mkwewe alisubiri na mashine yake ya kuchomelea mkononi mpaka aamke. Mtaa ukasema angalau chombo kimepata abiria.

Siku ya kuruka ilipofika, wanaume wanane walikisukuma chombo mpaka uwanja ulio nyuma ya ua wa muuza mkaa, hatua chache kutoka nyumba ya Rubani. Walisukuma, wakapumzika, wakasukuma. Mmoja wao aliuliza kama ndani kuna mtu. Kitabu kilisema chombo kinapojaribiwa kifungwe kamba kwenye vitu vizito, na kamba iwe ya kufika gotini tu. Kwa vitu vizito Rubani hakuwa na shida: alikuwa na mageti manne ambayo wateja waliyakataa. Kuhusu urefu wa kamba, aliongeza.

Akavaa ngao yake ya uso ya kuchomelea, akaaga kwa mkono, akaingia, akafunga komeo tatu. Injini ikawaka. Mapanga yakaanza kuzunguka taratibu, halafu yakapotea machoni, likabaki duara la ukungu na kelele ya kupasua meno. Vumbi la mkaa likasimama. Kuku wakahama mtaa. Gauni la mke wa muuza mkaa likang'oka kambani, likapaa, likavuka barabara, na likawa ndicho kitu pekee kilichoruka asubuhi hiyo. Ndani ya grili, Rubani alikuwa amefumba macho nyuma ya ngao. Alivuta mpini kidogo. Akavuta zaidi. Maua ya chuma yakatetemeka. Helikopta ikakaa pale pale, imetulia kama geti.

Na sasa tuseme kilichokuwamo moyoni mwake, maana usoni hakikuonekana: alifurahi. Alimshukuru Mungu kutoka kwenye vidole vya miguu. Alizima injini, akafungua komeo, akasahau ile ya siri, akatolewa na mama mkwe, kisha akasimama mbele ya watu na kuipanga sura yake.

"Hewa ya leo ni nzito," alisema.

"Si hewa iliyo nzito, jirani," alisema muuza mkaa. Akaenda uani kwake, akarudi anakokota mizani ya kupimia magunia. "Hebu simama hapa."

Kukataa hakuwezekani, macho yote yako kwake. Rubani akapanda. Tangu siku alipoanza kujenga alikuwa amekaa sana, amekula vizuri, na mkewe hakuwahi kumnyima. Muuza mkaa alisogeza kipimo, akasogeza tena, akainama kuhakikisha.

"Kilo mia moja na tatu! Gunia zima na debe juu!"

Watu wakashika mbavu. Mkewe alisubiri kelele zipungue. "Kitabu kinasema rubani asizidi themanini," alisema.

Rubani akaona mlango wa kutokea, tena mlango wa heshima. Akakunja uso kwa huzuni, akafungua mikono. "Basi, jamani, tumeshindwa. Sheria ni sheria. Nimejitahidi, lakini uzito ni kazi ya Mungu."

Alisema haraka mno. Mkewe alikuwa akimtazama usoni, na ile sura aliijua. Ni ile ile ya jasho la bati. Akamgeukia muuza mkaa.

"Nipime na mimi."

"Wewe wa nini?" Rubani aliuliza.

Alishapanda. "Hamsini na sita," alisema muuza mkaa, na safari hii hakupiga kelele.

"Leteni spana," alisema mkewe. "Na grenda ya kukatia chuma."

Wakaanza kuvua. Komeo tatu zikaenda, mlango ukaenda na grili yake, chuma cha ng'ombe kikaenda, na kile cha nyuma kikakifuata. Bomba zikafunguliwa moja moja na kurushwa pembeni, kila moja ikianguka kwa kishindo. Rubani alizunguka akitetea. Hii ni muhimu. Hiyo ni roho ya chombo. Walipofika kwenye maua akayakumbatia kabisa.

"Haya ni kazi ya mikono yangu!"

"Kayapande bustanini," alisema mama mkwe.

Mwisho kilibaki kile kilichochorwa kitabuni: mifupa ya alumini, injini, mapanga, mpini, na kiti cha henzirani katikati ya hewa. Kilikuwa chepesi, na kilikuwa kizuri. Hata wale waliokuja kucheka walikisogelea kukitazama. Rubani aliona kazi yake mwenyewe kwa mara ya kwanza, bila hofu yake kuifunika, akapitisha kiganja juu ya fremu.

"Mke wangu, acha," alisema kwa sauti ya chini. "Hujui kukirusha."

"Nani alikusomea kitabu?"

"Kusoma si kuruka. Halafu watu watasemaje? Hiki ni chombo cha mtu mmoja!"

"Kwani mimi ni watu wangapi?"

Rubani akamshika mkono. Hapo hakuwa akiigiza. "Ukianguka je?"

"Wewe ulianguka ukapona," alisema mkewe. "Mimi naomba mchanga tu."

Kumbe alijua. Miaka yote ya ndoa alijua lile anguko na ule mchanga, na hakuwahi kumwambia neno. Rubani akamwachia mkono. Mkewe akakaa kwenye kiti cha mama yake, akajifunga mkanda, akaiwasha injini kwa mpangilio ule ule aliousoma jioni baada ya jioni, midomo ikicheza kama anajikariria. Mama mkwe alisogea pembeni.

Aliuvuta mpini polepole. Miguu ya chombo ikawa nyepesi, ikayumba, ikaachana na ardhi. Kimo cha goti. Kimo cha kiuno. Kingeishia kwenye goti, lakini kamba, tusisahau, ziliongezwa. Kikapita vichwa vya watu, kikiyumbayumba, kamba zikifuata kutoka kwenye mageti manne. Watu hawakupiga makofi kwanza, walisahau. Rubani alitazama juu, na alichokiona ni sehemu ya chini ya kiti cha henzirani na nyayo mbili za mkewe. Kwa muda mfupi, tuseme kwa pumzi tatu, alijisikia fahari isiyo na uongo hata chembe. Kitu alichokijenga kilikuwa hewani.

Kisha akaona zile nyayo zikigeuka kuelekea nyumbani.

Njia ya mwongo ni fupi, na hii ilikuwa na urefu wa kamba. "Shuka!" alipiga kelele. "Shuka, mke wangu! Inatosha!" Akaishika kamba moja na kuivuta. Wanawake wakamwonea huruma, wakasema mwone anavyompenda mkewe. Kamba zikakazika kwenye kimo cha paa na nusu yake. Chombo kikaning'inia pale, kikitikisika, na kule juu uso wa mkewe ulikuwa umeinama, unasoma, bila haraka, kama anavyosoma kitabu.

Alishuka vibaya. Chombo kikagonga, mguu mmoja ukapinda, mapanga yakachelewa kusimama. Alipofungua mkanda, makofi na vigelegele vilifunika uwanja. Muuza mkaa alikuwa wa kwanza kumfikia.

"Umeona nini huko juu, jirani? Tuambie!"

Angeweza kusema mawingu. Rubani alimwomba kwa macho aseme mawingu. Lakini ahadi ilikuwa ya kusema mbele ya mtaa mzima, na si yeye aliyeitoa.

"Nimeona bati la chumbani kwangu," alisema mkewe, na hakupandisha sauti. "Halina msumari hata mmoja. Lina jiwe. Na mengine matatu yaliyokosa shabaha yamelala juu ya jiko langu, kila moja na tundu lake."

Kicheko kilianza kwa muuza mkaa kikaenda mpaka barabarani. Kuna aliyekaa chini. Mzee mmoja, aliyekuwapo enzi zile za antena, akakumbuka mchanga, akaanza kusimulia, na watu wakamzunguka, na jina la Rubani likarudishiwa mchanga wake wote, punje kwa punje. Mwenyewe alisimama katikati ya mageti yake manne, kamba mkononi, hana pa kuuficha uso.

Mkewe hakucheka. Alipita katikati ya watu, akaingia uani, akatoka na ngazi. Akaiegemeza ukutani, chini ya bati la chumbani, akaitikisa kuona kama imekaa. Akamwekea mumewe nyundo kwenye kiganja na misumari mfukoni mwa shati. Watu walifuata, wakiendelea kucheka, kisha wakaona magoti ya yule mtu, jinsi yanavyogongana hata kabla hajaigusa ngazi, na kicheko kikapungua chenyewe kikaisha.

Mkewe aliishika ngazi kwa mikono yote miwili, akapanua miguu.

"Panda, Rubani," alisema. "Nimekushikia."

Ilikuwa mara yake ya kwanza kumwita hivyo. Aliitazama ngazi, akamtazama yeye, akaweka mguu kwenye kipandio cha kwanza. Nyuma yao uwanjani, mama mkwe alikuwa amekwishakaa kwenye kiti chake.